Saa Aliyozaliwa Profesa Kapindi

Mvua ya redio haitengenezwi kwa maji. Atakayewaambia vingine ni mwongo, mfukuzeni. Maji mbele ya mikro, hicho kinasa sauti cha studio, yanasikika kama mtu anakojoa kwenye ndoo, mnisamehe, lakini ndivyo ilivyo. Mvua ni mchele unaomwagwa taratibu juu ya ungo. Radi ni bati linalotikiswa na mtu mwenye hasira, na mimi hasira sijawahi kupungukiwa. Moto ni ile karatasi inayong'aa ya pakiti ya sigara, unaifinya karibu kabisa na mikro. Kamba inayobeba mtu ni mkanda wa suruali unaosokotwa. Haya, nimewapa bure mambo yaliyonila miaka. Sasa mtanivumilia nizungumze ninalolitaka mimi.

Nyinyi vijana wa kikundi cha maigizo cha Katuba mliniandikia mkiuliza kama ni kweli nilimjua Profesa Kapindi. Nilimjua! Mimi nilikuwa miguu yake. Akitembea, ni viatu vyangu nimevishika mikononi navigonga kwenye beseni la changarawe. Akila, ni meno yangu yanatafuna karoti. Akipiga chafya ni mimi, na siku moja chafya ilikuja yenyewe bila kupangwa. Sauti tu ndiyo haikuwa yangu. Sauti ilikuwa ya Yaya Musonda, mwanamume tuliyemwita yaya, yaani kaka mkubwa, na habari yote hii ni habari ya sauti hiyo, na ya kosa langu ambalo nusura liizike kabla ya wakati wake.

Kapindi mwenyewe hakuwahi kuwako, hilo tulielewe mapema, kwa sababu kuna wazee hapa mjini watakaowaapia kwamba alisoma na baba zao. Yaya Musonda alimtunga kichwani akiwa kazini kwenye tanuru la shaba. Mwanzoni alimwita Profesa Anselme. Halafu serikali ikasema majina ya kizungu basi, kila raia achukue jina la babu zake, na sisi tukapokea barua kwamba hata profesa wa redio ni raia. Ndipo akawa Kapindi. Yaya alisema jina jipya lilimfaa zaidi kwa sababu lilimpunguzia kilo.

Kapindi aliishi katika nchi iitwayo Bulelo. Bulelo haina jua wala mwezi, mwanga wake ni uleule siku zote, kama ndani ya nyumba yenye pazia. Saa hazitoki juani, zinatekwa kisimani kwa kibuyu. Asubuhi watu wanapanga foleni, kila mmoja anachota saa zake za siku hiyo, na mlinzi wa kisima anawasimamia wasisukumane. Siku Kapindi alipozaliwa, mikono miwili ya saa ilikuwa imelaliana juu kabisa ya uso wa saa. Mkunga alisahau kuionja ile saa, basi hakuna aliyejua kama ilikuwa midi au minwi, mchana kati au usiku kati. Na huko Bulelo ndoa inafungwa kwenye saa ileile uliyozaliwa, la sivyo si ndoa. Mtu asiyejua saa yake haoi.

Na Kapindi alitaka kuoa. Alimtaka yule mlinzi wa kisima, aliyekuwa anachezwa na Mama Feza, muuza samaki wakavu wa Pweto pale sokoni, mwanamke ambaye akisema "karibu" taratibu unamsikia mpaka barabara ya pili. Kwa ajili yake Kapindi akawa mwanachuoni wa wakati. Alizipima saa kwa mizani, akazionja, akazihifadhi kwenye mitungi. Aligundua kwamba saa ya kumngojea mgeni ni nzito kuliko saa ya kukaa naye. Aligundua kwamba saa ya Jumatatu ina chumvi. Aliandika kitabu kikubwa ambacho ni mtu aliyechelewa tu anayeweza kukisoma. Alizeeka hivyo, na Mama Feza akawa anamngoja juu ya kisima na chungu chake cha bukari, yaani ugali.

Kila Jumamosi, mara tu baada ya habari za mchana, kambi nzima ya wafanyakazi wa shaba ilikuwa masikio kwenye redio. Sokoni wamama waligawanyika, hawa Ba Midi, hawa Ba Minwi. Kuna harusi iliyokaribia kuvunjika kwa sababu upande wa bwana walikuwa Ba Minwi wote. Na jibu alilijua Yaya Musonda peke yake. Hatukuwa na karatasi ya maneno, yeye alitueleza njia tu, sisi tukajaza. Ukimuuliza mwisho anatazama pembeni.

"Yaya, ni midi ao ni minwi?"

"Assumani, weye iko fundi ya saa. Tengeneza saa."

Kweli, mimi ni fundi wa saa. Karakana yangu ilikuwa Kamalondo, niliirithi kwa marehemu baba, mtu wa Maniema aliyetufunza Kiswahili kwa fimbo. Ndiyo maana mnaona naandika "mtoto" wakati mji mzima unasema "mutoto". Yaya alinicheka kwa hilo mpaka mwisho, alisema nasema kama barua. Alikuja karakanani akitafuta sauti ya saa ya Kapindi. Mimi nikaona heshima hiyo, nikabeba hadi studio saa nzuri kuliko zote, ya ukutani, ya mti mweusi, iliyotoka Uswisi. Kwenye redio ilisikika kama mtu anapigilia misumari kwenye jeneza. Watu waliuliza nani amekufa.

"Mikro haina macho, fundi," Yaya akaniambia. "Haioni kama saa yako iko ya Suisse. Kuya na kintu kidogo."

Basi nikajaribu vitu vidogo, wiki nzima, mpaka mke wangu akaniuliza kama nimerudi utotoni. Mwisho saa ya Kapindi ikawa kiberiti kitupu nilichokigonga kwa ukucha wa kidole gumba. Miaka yote watu walipoisikia ile saa, ilikuwa ukucha. Siku nilipoukata kwa bahati mbaya, barua zilikuja kusema saa ya Profesa inaumwa. Tangu hapo nikawa mtu wa sauti. Niliwahi kukaa siku nzima nje ya uzio wa uwanja wa ndege wa Luano nikisikiliza ndege zinavyokata upepo. Askari akaniuliza natafuta nini. Nikamjibu natafuta upepo, akanipeleka kwa mkubwa wake.

Siku hizo ndani ya studio alikaa pia mtu wa Chama, abakosti yake, lile koti la serikali lisilovaliwa tai, imenyooka, kazi yake kusikiliza kama tunasema jambo lisilofaa. Mara ya kwanza alimsimamisha Yaya katikati ya mazoezi, akamwita sitoyen, yaani raia, kama sheria ilivyotaka.

"Sitoyen, ile inchi ya Bulelo, iko na Chama?"

"Iko nacho, sitoyen."

"Ngapi?"

"Kimoja tu, sitoyen. Na bantu bote beko ndani, ata batoto benye habayazaliwa."

Yule bwana alifikiri sana, akaandika kitu kwenye daftari, na hakutuuliza tena. Mama Feza alitoka nje kwenda kucheka.

Sasa nifike kwenye dhambi yangu.

Kambini hakuna aliyetazama saa. Mimi fundi wa saa nilijua vizuri, maana wangezitazama ningekuwa na wateja. Watu waliishi kwa sireni ya kampuni. Sireni ikilia asubuhi, zamu ya kwanza inatoka nyumbani. Ikilia mchana, zamu ya pili inakwenda na ya kwanza inarudi. Mama anainjika maji ya bukari akihesabu kutoka sireni, mtoto anarudi shuleni kwa sireni, hata watu waliokuwa wamegombana walinyamaza ikilia kisha wakaendelea. Na sireni yetu ilikuwa na jambo lake. Ilianza chini, ikapanda, ikakaa juu, na ikiwa inashuka ilipiga kwikwi. Kwikwi moja, kama mtoto aliyeshiba. Valvu yake ilikuwa imechoka.

Yaya akatupangia kipindi ambapo kisima cha Bulelo kinakauka, na Kapindi anawaita watu wote kwa baragumu kubwa. "Nipe sauti yenye kila muntu atatoka ku nyumba," akaniambia. Angemwambia mtu mwenye akili, angeleta pembe ya ng'ombe. Aliniambia mimi.

Nilichukua kifuniko cha kopo la maziwa ya unga. Kwa bamba langu la kugawia duara, lile la kukatia meno ya magurudumu ya saa, nikatoboa matundu ukingoni, kila tundu na jirani yake umbali uleule. Nikakifunga kifuniko kwenye mhimili wa gurudumu la kunolea visu, lile la kukanyaga kwa mguu. Mbele yake bomba jembamba la mpira, nyuma ya bomba mvukuto wa mhunzi chini ya kiwiko changu. Ukikanyaga, kifuniko kinazunguka, ukivukuta, upepo unapita kwenye tundu, unakatika, unapita, unakatika. Kadiri unavyokanyaga ndivyo sauti inavyopanda. Juu yake nikaelekeza honi ya gramafoni ya baba. Jaribuni, inafanya kazi, ila fungeni vizuri, kifuniko kikichomoka kinakata sikio.

Sauti ilikuwa nzuri. Ningeishia hapo. Lakini mimi nikataka kwikwi! Siku tatu nilitafuta kwikwi, nikaipata: unainua mguu ghafla, unakandamiza tena mara moja tu. Mke wangu alikuwa uani, akasikia, akainuka kwenda kuinjika maji. Wallahi nilifurahi kama mtu aliyepata mtoto.

Jumamosi ikafika. Kapindi akasema, "Watu wa Bulelo, tokeni!" nami nikaiachia, kutoka chini hadi juu, na kwikwi yake. Ndani ya studio tulikonyezana. Hatukujua kitu. Saa nzima kabla ya wakati, redio zote za kambi, kila dirisha, zililia sireni.

Zamu ya pili ilitoka mbio, wengine na tonge mkononi. Ndani ya kiwanda kulikuwa na kapita mmoja, msimamizi, anaficha transista chini ya benchi. Akapiga kelele "Sireni!" na zamu ya kwanza ikavua kofia na kuondoka. Wakakutana langoni, hawa wanatoka, hawa wanaingia, na mlinzi katikati hajui afungue upande gani.

"Munatoka wapi?"

"Na ninyi munaingia wapi?"

Baya zaidi lilikuja baadaye. Sireni ya kweli ilipolia kwa saa yake, nusu ya kambi ikasema, "Ile ni redio," na wakabaki nyumbani wamekaa. Nilipofika kambini jioni ile wamama walikuwa wananingoja. Mmoja alinishika shati. "Bukari iko mu sahani, bwana iko ku mulango ya kazi, na sireni iko mu redio! Assumani, unataka tuishi namna gani?"

Jumatatu tuliitwa kwa mkuu wa kambi, mtu mnene mwenye sauti ndogo.

"Sitoyen Assumani, njo weye ulipiga sireni?"

"Ilikuwa sireni ya Bulelo, sitoyen."

"Bantu bangu haiko bantu ba Bulelo!"

Akaandika barua kwa redio, na redio ikatufungia. Kapindi akaachwa amesimama kando ya kisima kikavu, hana saa, hana mke. Mimi nilidhani watanifukuza mimi tu, nikasema hivyo, nikasema kosa ni langu, mwondoeni mtu wa sauti. Hawakutaka kusikia. Nilitoka pale naona aibu, na aibu hiyo ilikuwa haijanionyesha bado uso wake wote.

Maana Yaya Musonda alikuwa anapoteza sauti. Moshi wa tanuru ulikuwa umeshamkaa kooni miaka mingi, na miezi ile alianza kukwaruza, kisha kukatikakatika. Daktari alimchungulia koo akamwambia sauti hii inakwenda na hairudi, kilichobaki akitumie kidogo kidogo. Yaya alikuja karakanani kwangu kuniambia, akasema maneno machache tu.

"Iko sauti ya emisioni moja, Assumani. Kipindi moja. Ninamuwekea Kapindi."

Kisha akanyamaza. Hakunyamaza siku hiyo tu, alinyamaza moja kwa moja, asitumie hata tone. Nyumbani aliongea kwa mikono. Sokoni alinunua nyanya kwa kuonyesha vidole, na Mama Feza alimjibu kwa vidole vilevile kisha akakasirika kwa nini naye ananyamaza. Akimwita mke wake alipiga mluzi. Mke wake alituambia kwamba hiyo ndiyo amani ya kwanza aliyoipata tangu aolewe, halafu akaingia ndani akalia.

Nyinyi ni vijana, mtasema kwa nini asikwambie tu huo mwisho wake, ukaandikwa, mambo yakaisha. Nilimwomba. Nilimwambia, Yaya, niandikie tu, midi au minwi, mtu mwingine aseme. Alinitazama kama nimemwambia mtu mwingine amvalie suruali yake. Kapindi alikuwa wake miaka kumi, alitaka amfikishe nyumbani kwa mdomo wake mwenyewe. Na sababu iliyomzuia ilikuwa kwikwi yangu. Nililala nayo, nikaamka nayo. Karakanani nilitengeneza saa za watu nikashindwa kuzitazama usoni.

Miezi mitatu ikapita hivyo. Halafu sireni ya kampuni ikafa. Ile valvu iliyokuwa inapiga kwikwi ilipasuka asubuhi moja, na kipuri kilitakiwa kitoke ng'ambo, na mnajua enzi zile kipuri cha ng'ambo kilivyokuwa. Mkuu wa kambi akatundika kengele. Watu wakasema hiyo ni ya masomo, waende watoto. Akampa mlinzi filimbi, wakasema kuna mpira. Baada ya sireni ya Bulelo, kambi ilikuwa imejiapiza haimwamini yeyote asiye na kwikwi. Kila zamu watu walifika wakati wao, huyu sasa, yule baadaye, na wamama wakaacha kupika kwa pamoja. Kambi ikawa kama saa niliyoifungua nikasahau nilikoweka skrubu.

Mkuu alikuja mwenyewe Kamalondo. Alizunguka karakana nzima akitazama saa kana kwamba anataka kununua.

"Ile kintu yako," akasema mwisho, "iko?"

"Iko, sitoyen."

"Na ile kwikwi?"

"Na kwikwi yake."

Kwa kawaida mimi si mtu wa ushujaa, kalamu ya afisa inanitetemesha, lakini siku hiyo nilimwona akilini Yaya Musonda ananunua nyanya kwa vidole. Nikamwambia nitakanyaga zamu zote, asubuhi, mchana, jioni, mpaka kipuri kifike, mbele ya spika zile za mikutano ya Chama. Ila Jumamosi moja, Kapindi arudi hewani.

"Bila sireni," akasema.

"Bila sireni."

Akafika mlangoni, akageuka. "Sitoyen Assumani. Bibi yangu iko Minwi. Mi niko Midi. Nyumba haina raha."

Basi nikawa sireni. Siku ya kwanza nilipokanyaga na kushuka na kwikwi, kambi nzima ilipiga makofi. Redio ikatupa Jumamosi yetu.

Siku ile Yaya alikuja na koti lake la harusi. Alikuwa amebana sauti yake miezi mitatu na nusu. Tulipanga kwa mikono na macho: Kapindi atashuka kisimani kwa kamba, chini kabisa atakuta mtungi wenye saa yake ya kuzaliwa, atauweka sikioni, atasema anachosikia. Akanionyesha meza yangu, maana yake niandae sauti zote mbili. Kwa minwi nikaweka kitana, ukikipitisha ukucha polepole kinalia kama chura wa mtoni usiku. Kwa midi nikaweka sufuria na mwiko.

Taa nyekundu ikawaka. Yaya akafungua mdomo, na Kapindi akatoka. Alikwaruza, lakini alikuwa yeye, mzima! Alimuaga Mama Feza, akamwambia asiondoke juu ya kisima. Nikasokota mkanda, akashuka. Akahesabu mawe ya kisima kwa sauti inayozidi kuwa ndogo, na watu walidhani ni kwa sababu ya kina. Sisi tuliona mishipa ya shingo. Akafika chini. Akachukua mtungi. Nikapiga kiberiti changu kwa ukucha, tik, tik.

"Nasikia," akasema Kapindi. "Mama, nasikia..."

Ikaishia hapo. Midomo ya Yaya iliendelea, sauti haikuwako. Alijaribu tena, akashika koo, akatikisa kichwa kama anayetafuta ufunguo mfukoni. Hewani kimya. Hamjui kimya cha redio. Mtu wa Chama alisimama. Mama Feza, Mungu ambariki, akaita kutoka juu, "Kapindi! Unasikia nini?" Kimya. "Kapindi, baba, sema!" Yaya akanitazama. Macho yake yalikuwa yamejaa maji, na hayakuniambia midi wala minwi, yaliniomba tu.

Mbele yangu kitana na sufuria.

Nawaambieni nilichofikiri. Nilifikiri kuhusu huyu mtu aliyekaa maisha yake mbele ya tanuru, halafu nikamfikiria yule profesa wake mzee gizani chini ya kisima, na sikuweza kumpa vyura. Nikashika mwiko. Nikakoroga sufuria tupu, pole, kisha kwa nguvu, kama bukari inaposhika, kisha nikagonga mwiko ukingoni mara mbili, ko, ko, kama mama anayemaliza. Kila mtu wa kambi anaijua ile ko ko. Ni sauti ya mchana kati, nyumba zote kwa pamoja.

Mama Feza hakukosa hata pumzi moja. "Midi!" akapiga yowe, na mikro ikaruka. "Njo midi! Kapindi, panda juu, panda! Bukari inapoa!"

Nikasokota mkanda kama kichaa, nikampandisha. Taa ikazimika.

Nje kulikuwa na kelele ambazo sijazisikia tena hata siku za mpira. Ba Midi walizunguka soko na sufuria vichwani. Ba Minwi walifunga meza zao mapema. Mkuu wa kambi, nimeambiwa, alikula chakula chake cha mchana akiimba.

Yaya hakusema neno tena. Siku hiyo sikuthubutu kumwuliza, wala wiki ile. Nilikwenda kwake Jumapili moja, tukakaa uani, mke wake akatuletea munkoyo, kile kinywaji cha mahindi. Nikamwambia, Yaya, nimekosa usingizi. Nimemwoza mwanao bila kukuuliza. Ulitaka kusema nini?

Akachomoa penseli, akatafuta karatasi, akapata pakiti yangu ya sigara. Akaandika neno moja akanipa. *Minwi.*

Nikaanza kuomba radhi, maneno yakagongana, nikasema tutarudi redioni, nitaeleza, nitasema ni fundi aliyeshika kitu kisicho chake. Yaya akaninyang'anya pakiti. Alicheka, mabega tu, bila sauti. Akalikata lile neno kwa mstari, akaandika chini yake polepole, akanirudishia.

*Mi njo nilikosea.*

Nililia mbele yake na sikuona haya. Aliishi miaka miwili zaidi, na kila aliponiona barabarani alichukua kitu chochote, kijiti, ufunguo, akagonga mahali, ko, ko.

Sijawahi kumwambia mtu. Kanda hatukuwa nazo za kutunza, wote waliokuwa studioni wamekwenda, na Mama Feza aliondoka na ushindi wake. Lakini pakiti ninayo, imo ndani ya kopo la maziwa, chini ya kifuniko chenye matundu, na mkija kujifunza kukanyaga nitawaonyesha. Na kama bado kuna Mu-Minwi anayepumua mjini hapa, mwambieni alikuwa na haki. Ila asije mlangoni kwangu kudai chochote. Kapindi amekwisha kula.